Kigeuza-wakati: Chombo ambacho wachawi wa Harry Potter walikipiga marufuku

KIGEUZA-WAKATI ni jina la Kiswahili linaloweza kupewa chombo kidogo cha kichawi ambacho, katika riwaya za Harry Potter zilizotungwa na mwandishi wa Uingereza, J.K. Rowling, humrudisha mvaaji wake katika saa zilizokwisha kupita. Kwa kukitazama, si kitu cha kutisha. Ni saa ya mchanga, ndogo, yenye kumetameta, inayoning'inia katika mkufu mrefu na mwembamba wa dhahabu. Lakini ndani yake umefungiwa uwezo ambao serikali ya wachawi wa hadithi hizo imeuzungushia mamia ya sheria, nao ni uwezo wa kuuchezea wakati.

Jambo hilo lastahili kutafakariwa. Ulimwengu aliouunda Rowling ni ulimwengu ambamo mafagio huruka, picha za ukutani husemezana, mfupa uliovunjika huungwa mara moja, na mtu huweza kutoweka mahali pamoja akaibuka pengine kufumba na kufumbua. Katika ulimwengu wa namna hiyo mtu angetarajia kwamba kurudi nyuma kwa saa chache lingekuwa jambo la kila siku. Badala yake ni mwiko. Makala haya yanaeleza mbinu hiyo ilivyo na jinsi inavyofanya kazi, sababu za kupigwa marufuku, nani aliruhusiwa kuitumia na kwa masharti gani, na namna ilivyotoweka kisha ikaibuka upya katika hadithi hizo.

Ni vyema kwanza kuliweka sawa neno lenyewe. Msomaji wa Kiswahili akisikia "uchawi" hufikiria kulogana, husuda na kudhuriana gizani. Katika vitabu vya Rowling uchawi ni kipaji ambacho mtu huzaliwa nacho, kisha hukinoa shuleni, na kipaji hicho chaweza kutumiwa kwa wema au kwa uovu. Wenye kipaji hicho wana shule yao, Hogwarts, iliyoko Scotland. Wana benki yao, gazeti lao, hospitali yao, na serikali yao iitwayo Wizara ya Uchawi. Wote huishi kwa kujificha ili watu wa kawaida wasiwatambue. Wizara hiyo ndiyo yenye mamlaka juu ya masuala ya wakati.

Umbo lake na utendaji wake

Mchanga na kioo cha kigeuza-wakati ni kasha tu. Kinachotenda kazi ni Uchawi wa Kurudisha Saa, uliofungiwa ndani yake. Katika maelezo aliyoyaandika kwa ajili ya tovuti ya Pottermore, iliyofunguliwa kwa wasomaji wote mwaka 2012, Rowling alifafanua kwamba uchawi huo hautulii, na kwamba ni salama zaidi unapofungiwa ndani ya chombo kuliko unapoachwa huru. Ndiyo sababu ukawekwa ndani ya saa ya mchanga inayoweza kuvaliwa shingoni.

Matumizi yake ni mepesi mno. Mvaaji hukizungusha chombo, na kila mzunguko mmoja humrudisha nyuma kwa saa moja. Akizungusha mara tatu, hurudi saa tatu. Mkufu ukiwazunguka watu wawili, wote wawili husafiri pamoja.

Mambo mawili yafaa kukumbukwa kuhusu safari hiyo. La kwanza ni kwamba msafiri harejei katika mwili wake wa saa zile. Huenda yeye mzima, pamoja na kumbukumbu zake zote, na kwa hiyo katika saa zile huwapo watu wawili walio mtu mmoja: yule anayeziishi saa hizo kwa mara ya kwanza, asiyejua lolote, na yule aliyerudi, anayejua yote yatakayotokea. La pili ni kwamba chombo hicho, kama kinavyoelezwa katika riwaya, hakina njia ya mkato ya kumrejesha msafiri alikotoka. Aliyerudi saa tatu hulazimika kuziishi tena saa hizo tatu, dakika kwa dakika, mpaka afikie pale alipoondokea.

Kikomo chake nacho ni kifupi. Kwa mujibu wa maelezo hayo ya Rowling, Profesa Saul Croaker, mhusika wa kubuni aliyetumia maisha yake yote ya kazi kuuchunguza uchawi wa wakati katika Idara ya Mafumbo ya Wizara, alibaini kwamba muda mrefu kabisa ambao mtu anaweza kuuishi tena bila hatari kubwa, kwake mwenyewe au kwa wakati wenyewe, ni kama saa 5 hivi.

Maafa ya mwaka 1899

Kikomo hicho kina historia ya kusikitisha. Katika hadithi hizo, majaribio ya kurudi nyuma kwa miaka mingi yalisitishwa mwaka 1899, baada ya mkasa wa mwanamke aitwaye Eloise Mintumble. Katika jaribio hilo alinasa katika mwaka 1402 kwa siku 5. Alirejeshwa, lakini mwili wake ulikuwa umezeeka kwa karne 5 nzima katika kurudi huko. Alifariki dunia katika hospitali ya wachawi ya St Mungo's, pasipo tabibu yeyote kuweza kumsaidia.

Kifo chake hakikuwa mwisho wa mambo. Katika siku zile 5 alikuwa amekutana na watu, akasema nao, akapishana nao njiani, na kwa hayo tu njia za maisha yao zikapinda. Matokeo yalionekana karne 5 baadaye: watu wasiopungua 25 waliokuwa hai mwaka 1899, wazao wa wale aliokutana nao, walitoweka. Hawakufa. Ilikuwa kana kwamba hawakuwahi kuzaliwa.

Wakati wenyewe nao uliyumba. Jumanne iliyofuata kurejea kwa Mintumble ilidumu siku mbili na nusu, ilhali Alhamisi ilipita kwa saa 4 tu. Wizara ilipata taabu kubwa kuyaficha mambo hayo yasijulikane. Tangu hapo zikawekwa sheria kali kabisa na adhabu nzito kwa wanaochunguza safari za wakati, na vigeuza-wakati vichache vilivyokuwapo vikawekwa chini ya ulinzi wa Wizara.

Mkasa huo unaeleza vizuri kwa nini katazo lenyewe ni zito kiasi hicho. Mtu anayevunja sheria nyingine za wachawi kwa kawaida hudhuru waliopo, na waliopo wanaweza kulalamika, kushitaki au kulipiza. Anayevuruga wakati anaweza kuwafuta watu wasiobaki hata na kaburi la kuliliwa. Hakuna mlalamikaji, kwa kuwa mlalamikaji hayupo na hakuwahi kuwapo.

Mwanafunzi aliyepewa kibali

Pamoja na ukali wote huo, chombo hicho kilimfikia msichana wa miaka 13. Habari hiyo imo katika riwaya ya tatu, Harry Potter and the Prisoner of Azkaban, iliyotolewa Uingereza Julai 8, 1999. Hermione Granger, rafiki wa Harry na mwanafunzi hodari kuliko wote wa rika lake, alikuwa amejiandikisha katika masomo mengi kuliko nafasi za ratiba. Baadhi ya masomo hayo, matatu kwa wakati mmoja, yalifundishwa saa tatu ileile ya asubuhi.

Mwalimu wake, Profesa McGonagall, aliiandikia Wizara barua kadhaa akimdhamini kwamba ni mwanafunzi wa mfano na kwamba kamwe hatakitumia chombo hicho kwa jambo lolote ila masomo. Wizara ikakubali. Hermione aliapishwa asimwambie mtu yeyote, hata rafiki zake wawili wa karibu, Harry na Ron, na akaitunza siri hiyo kwa takribani mwaka mzima wa shule.

Wengi hukisoma kisa hiki kwa mshangao. Chombo kilichotokana na uchawi uliowahi kufuta watu 25 kinatolewa ili mtoto ahudhurie vipindi! Lakini hapa Rowling anaonyesha jambo linalofahamika vizuri katika serikali nyingi za kweli: sheria kali huishi bega kwa bega na kibali kinachopatikana kwa barua nzuri na mdhamini mwenye jina.

Aidha, riwaya haifichi gharama ya kibali hicho. Kadiri mwaka ulivyosonga, Hermione alizidi kuchoka, akawa mwepesi wa hasira, akalala usingizi mezani na kukosa kipindi. Siku yake ilikuwa na saa nyingi kuliko siku za wenzake, na mwili wake ulizihesabu zote. Mwisho wa mwaka aliacha baadhi ya masomo, akakirudisha chombo kwa hiari yake. Mtu pekee katika riwaya zile saba anayeonekana akikitumia kwa kibali cha sheria ndiye aliyeamua kwamba hakihitaji tena.

Saa tatu zilizorudiwa

Kabla ya kukirudisha, Hermione alikuwa amekwisha kuivunja ahadi iliyotolewa kwa niaba yake. Ilikuwa usiku mmoja wa Juni, na maisha ya viumbe wawili yalikuwa hatarini.

Wa kwanza alikuwa Buckbeak, hipogrifu, yaani mnyama mwenye kichwa na mbawa za tai na kiwiliwili cha farasi. Alikuwa amehukumiwa kuuawa kwa kumjeruhi mwanafunzi wa ukoo wenye uwezo, aliyemtukana mnyama huyo baada ya kuonywa asifanye hivyo. Wa pili alikuwa Sirius Black, mtu aliyekaa miaka 12 katika gereza la Azkaban kwa tuhuma za kuwasaliti wazazi wa Harry na kuwaua watu 13 kwa pigo moja, makosa ambayo kwa hakika yalitendwa na Peter Pettigrew. Riwaya ya nne inafichua baadaye kwamba Sirius alitupwa gerezani bila hata kufikishwa mbele ya mahakama. Usiku huo alikuwa amekamatwa tena, amefungiwa katika chumba cha juu cha Hogwarts, akingojea adhabu iliyo mbaya kuliko kifo: kunyonywa roho na Dementor, walinzi wa gereza hilo.

Ushahidi wa kumwokoa haukuwapo. Pettigrew alikuwa ametoroka. Waziri wa Uchawi hakutaka kusikia maneno ya watoto. Mkuu wa shule, Profesa Dumbledore, aliwaamini, lakini hakuwa na mamlaka ya kuitengua amri ya Waziri. Ilikuwa imebaki dakika 5 kufika saa sita ya usiku alipoingia katika zahanati ya shule, akamweleza Hermione kwamba mizunguko mitatu ingetosha, akawaonya kwamba wasionekane na mtu yeyote, kisha akaufunga mlango. Ron, aliyekuwa amevunjika mguu na kupoteza fahamu, alibaki kitandani.

Harry na Hermione walirudi saa tatu nyuma, wakajificha. Walingoja mpaka maofisa wa Wizara walipokwisha kumwona Buckbeak amefungwa uani, ili mlinzi wa wanyama Hagrid asije akatuhumiwa kumtorosha, ndipo wakamfungua na kumvuta msituni. Kutoka mafichoni Harry alimwona mwenye hatia halisi akiwa hatua chache tu mbele yake, akataka kukimbia kumkamata. Hermione alimzuia. Alimkumbusha kwamba wanavunja mojawapo ya sheria kubwa kabisa za wachawi, na kwamba wapo wachawi wengi waliowahi kuchezea wakati wakaishia kujiua wenyewe kwa makosa, kwa kumshambulia mtu waliyemdhania adui kumbe ni nafsi yao iliyotoka saa nyingine.

Hilo ndilo jaribu kuu la kisa hicho. Watoto wale wamepewa uwezo wa kurudi, lakini hawakupewa ruhusa ya kurekebisha kila kitu. Yawapasa kutazama mambo maovu yakitendeka tena mbele ya macho yao, na kuokoa kile tu kinachoweza kuokolewa. Hatimaye walipanda mgongoni mwa Buckbeak, wakaruka mpaka kwenye dirisha la chumba alimofungwa Sirius, wakamtoa. Yeye akaondoka na mnyama yule, nao wakakimbia kurejea zahanati, wakamkuta Dumbledore ndiyo kwanza anatoka kuufunga mlango.

Sirius alinusurika, lakini hakusafishwa jina. Pettigrew naye alitoweka kama alivyotoweka mara ya kwanza. Saa tatu zilizorudiwa ziliokoa roho mbili, ila hazikuleta haki kamili.

Mduara usiokatika

Kilichowavutia wasomaji wengi katika kisa hicho ni kwamba, ukikichunguza, hakuna chochote kilichobadilika. Mapema usiku ule, kabla ya lolote kutokea, Harry na wenzake walisikia watu wawili wakikimbia ukumbini na mlango ukifungwa kwa kishindo. Baadaye twagundua kwamba watu hao walikuwa Harry na Hermione wenyewe, waliokwisha kurudi. Walisikia pia mshindo wa shoka, wakaamini kwamba Buckbeak ameuawa. Kumbe mnyonga wanyama, alipokuta windo lake limetoweka, alilipiga shoka lake kwenye uzio kwa hasira.

Mfano mkubwa kuliko yote uko kando ya ziwa. Mara ya kwanza Harry, akiwa amezingirwa na Dementor na kukaribia kuzimia, aliona ng'ambo ya maji mtu akituma kinga yenye umbo la paa dume mwenye mwanga, iitwayo Patronus, nayo ikawafukuza wote. Aliamini kwamba alimwona marehemu baba yake. Aliporudi, alisimama ng'ambo ile akimngoja baba yake atokee. Hakuna aliyetokea. Ndipo akatambua kwamba yule aliyemwona alikuwa yeye mwenyewe, akauinua ufito wake na kuituma kinga ile. Alifanikiwa kwa sababu alijua kwamba alikuwa amekwisha kufanikiwa.

Namna hii ya kuutazama wakati ina ndugu yake katika sayansi. Katika miaka ya 1980 mwanafizikia wa Urusi, Igor Novikov, alitetea kanuni kwamba, hata kama safari za kurudi nyuma zingewezekana, matukio yanayojipinga yenyewe yasingeweza kutokea: msafiri angekuwa sehemu ya historia ileile aliyoikuta. Kwa mtazamo huo mtu hawezi kurudi akamuua babu yake kabla hajazaa, kwani kuwapo kwake kwathibitisha kwamba hakumuua.

Hata hivyo, kisa cha Harry na mkasa wa Mintumble havilingani. Katika kile cha kwanza historia ni moja na haikatiki. Katika huu wa pili historia ilikatika, na watu 25 wakadondoka katika pengo lake. Njia mojawapo ya kuyapatanisha mawili haya ni kukikumbuka kile kikomo cha saa 5: anayerudi kwa saa chache huenda akabaki ndani ya mduara salama, ilhali anayevuka karne huubomoa. Vyovyote iwavyo, Hermione hakujua yuko katika mduara wa aina gani. Alitenda kwa hofu ya kuharibu, na hofu hiyo ndiyo iliyomfanya awe mwangalifu.

Filamu iliyotokana na riwaya hiyo, iliyoongozwa na Alfonso Cuarón na kutolewa mwaka 2004, iliuongezea mduara huo vitendo vipya. Ndani yake Hermione aliyerudi humtupia mawe Harry wa saa zile ili kumtahadharisha, jambo ambalo halimo kitabuni.

Kuvunjwa kwa akiba yote

Chombo chenye uwezo mkubwa namna hiyo humletea mtunzi matatizo. Kila msiba unaofuata, msomaji ana haki ya kuuliza: kwa nini wasirudi nyuma wakauzuia? Rowling mwenyewe alikiri katika maelezo yake kwamba aliingia katika suala la safari za wakati kwa wepesi mno, na kwamba ilimbidi atafute njia ya kulifunga. Kwanza aliwafanya Dumbledore na Hermione wasisitize hatari za kuonekana katika wakati uliopita. Pili, alimfanya Hermione akirudishe chombo. Tatu, akaviharibu vyote.

Uharibifu huo umo katika riwaya ya tano, Harry Potter and the Order of the Phoenix, iliyotolewa Juni 21, 2003. Harry na wenzake wanapopigana na wafuasi wa Voldemort ndani ya Idara ya Mafumbo, wanapita katika chumba cha wakati. Humo mna gudulia kubwa la kioo ambamo ndege mdogo huanguliwa kutoka yaini, hukua, huruka, huzeeka na kurudi yaini tena bila kukoma. Mmoja wa wafuasi hao anaangukia humo kwa kichwa, na kichwa chake kinageuka kuwa cha mtoto mchanga juu ya mwili wa mtu mzima. Kabati lililojaa saa za mchanga nalo linaanguka, linavunjika, linajiunga, linasimama na kuanguka tena, likiwa limenaswa katika mduara wake lenyewe. Katika riwaya ya sita, ya Julai 16, 2005, Hermione anathibitisha kwamba akiba yote ya vigeuza-wakati vya Wizara iliteketea, na kwamba gazeti la wachawi liliitangaza habari hiyo.

Matokeo yake ni kwamba vifo vyote vinavyofuata katika riwaya mbili za mwisho ni vifo kamili. Hakuna atakayerudi kumtahadharisha Dumbledore, wala Fred Weasley. Vita vilivyosalia vinapiganwa na watu wanaojua, kama sisi tujuavyo, kwamba maji yakimwagika hayazoleki.

Kurejea jukwaani

Miaka 9 baada ya riwaya ya mwisho, mlango huo ulifunguliwa tena. Tamthilia ya Harry Potter and the Cursed Child, iliyoandikwa na Jack Thorne kutokana na kisa alichokibuni pamoja na Rowling na mwongozaji John Tiffany, ilizinduliwa rasmi katika ukumbi wa Palace jijini London Julai 30, 2016. Mwaka 2017 ilinyakua tuzo 9 za Olivier.

Tamthilia inaanza na kilio cha mzazi. Mzee Amos Diggory, ambaye mwanawe Cedric aliuawa mwaka 1995 kwa amri ya Voldemort, anamwendea Harry, sasa akiwa mtu mzima na ofisa wa Wizara, kumwomba atumie kigeuza-wakati kinachosemekana kimekamatwa, amrudishie mwanawe. Harry anakataa. Mwanawe mwenyewe, Albus, anayasikia mazungumzo hayo. Yeye na rafiki yake Scorpius Malfoy wanakiiba chombo hicho ili kuusahihisha udhalimu wanaodhani watu wazima wameufumbia macho.

Nia yao ni njema, na hapo ndipo penye uchungu. Chombo walichokiiba, kilichotengenezwa kinyume cha sheria, chaweza kuwapeleka miaka mingi nyuma, lakini kwa dakika 5 tu. Wanarudi katika mashindano aliyoshiriki Cedric ili kumfanya ashindwe. Jaribio la kwanza linawarejesha katika ulimwengu ambamo Ron na Hermione hawakuoana kamwe, na binti yao hakuzaliwa. La pili linamfedhehesha Cedric mpaka anageuka kuwa mfuasi wa Voldemort. Dhalimu huyo anashinda vita, Harry anakufa akiwa kijana, na Albus, aliyeanzisha yote hayo, hayupo kwa kuwa baba yake hakuishi kumzaa. Scorpius anabaki peke yake kuyarekebisha.

Tofauti na riwaya ya tatu, hapa historia hubadilika. Hata hivyo tamthilia ina mduara wake mmoja mzuri. Vijana hao wanapotupwa katika mwaka 1981 na kuachwa huko bila chombo, wanaandika ujumbe juu ya blanketi la Harry angali mtoto, kwa dawa ambayo itajitokeza baada ya miaka mingi. Ujumbe huo hausafiri kwa uchawi wa kurudisha saa. Unangoja tu, mwaka baada ya mwaka, mpaka Harry mtu mzima anapolishika blanketi lile na kuusoma.

Kiini cha katazo

Jibu zito kuliko yote kuhusu katazo hili limo karibu na mwisho wa tamthilia hiyo. Harry na wenzake wanawafuata watoto mpaka usiku wa Oktoba 31, 1981, usiku ambao wazazi wake waliuawa na Voldemort nyumbani kwao. Adui aliyekuja kuigeuza historia amekwisha kushindwa. Voldemort anapita njiani kuelekea nyumba ile. Harry yu hai, ana ufito mkononi, na anajua kitakachotokea dakika zijazo. Anasimama na kutazama.

Hakuna mtu katika hadithi hizo aliye na sababu kubwa kuliko yake ya kuivunja sheria ya wakati. Lakini maisha yote aliyoyaishi, ndoa yake, watoto wake, rafiki walionusurika na hata kushindwa kwa Voldemort, yameota juu ya kaburi lile. Kuwaokoa wawili kungekuwa kuwahukumu wasiohesabika, tena bila ya kuwauliza.

Tukikiweka kisa hicho kando ya kile cha Sirius na Buckbeak, mpaka wa katazo unaonekana wazi zaidi. Mwaka ule Dumbledore aliwaruhusu watoto wavunje sheria kwa sababu kosa lilikuwa linatendeka, halijakamilika. Mfungwa alikuwa angali hai na adhabu ilikuwa haijatekelezwa. Walichokifanya kilikuwa kuuzuia udhalimu usitimie. Alichokitaka Mzee Diggory, na ambacho Harry angeweza kukitaka, ni kulifukua jambo lililokwisha kutimia na ambalo watu wengine wamekwisha kulijengea maisha yao.

Ndiyo maana sheria ya wachawi haimlindi msafiri peke yake. Mintumble alikwenda kwa hiari yake, na aliijua hatari iliyomkabili. Wale 25 waliotoweka hawakujua kwamba kuna safari. Katika ulimwengu wowote, wa kubuni au huu wetu, wanaolipa gharama ya mabadiliko makubwa mara nyingi huwa ni wale ambao hawakuwapo wakati uamuzi ulipofanywa. Wizara ya Uchawi, pamoja na udhaifu wake mwingi na vibali vyake vya upendeleo, ilijifunza hilo mwaka 1899, ikaandika sheria zake kwa ajili ya watu ambao majina yao yalikuwa yamekwisha kufutika.